Ngome ya Beaumaris kwa kadibodi: tathmini ya zana ya kufundishia historia

Seti ya kadibodi ya kujenga mfano wa Beaumaris, ngome ya kale ya Wales, ambayo siku hizi hupatikana katika maduka machache ya vitabu na vifaa vya shule hapa Dodoma kwa shilingi 85,000, ndiyo zana bora ya kufundishia ujenzi wa ngome za kale niliyopata kuitumia darasani, na papo hapo ni zana inayoficha nusu ya historia ya ngome hizo. Yote mawili nayasema kwa uzito uleule. Mwalimu au mzazi atakayeinunua kwa ajili ya kuta zake atapata thamani ya fedha yake, lakini akikiamini kijitabu kilichomo bila kukihoji, atawasimulia watoto habari ya mfalme mwenye akili na mafundi hodari, habari isiyo na bahari, isiyo na fedha, na isiyo na watu waliokuwa wakiishi mahali pale kabla ya jiwe la kwanza kuwekwa.

Ndani ya boksi mna karatasi ngumu zilizochapwa kwa rangi na kutiwa alama za kukunjia, kitako chenye mchoro wa handaki la maji, kijitabu cha Kiingereza na chati ya ukutani inayoonyesha ngome mbalimbali za Wales kwa mfuatano wa miaka. Kadibodi yenyewe ni imara na mikato yake ni sahihi, kiasi kwamba minara hukaa wima bila kuegemezwa. Gundi haimo, na wembe na rula ya chuma utajinunulia mwenyewe. Anayeijenga huku kwetu wakati wa kiangazi, hasa miezi ya Julai na Agosti upepo unapovuma, apake gundi kipande kimoja baada ya kingine na afunge madirisha, kwa kuwa gundi nyeupe ya kawaida hukauka kabla pembe hazijakutana, na vumbi likishaingia kwenye kiungo hakishiki tena. Minara ya mviringo ikunjwe kwanza kwenye kipande cha bomba la maji ndipo ibandikwe.

Kwa upande wa kuta, sifa zote ni halali. Beaumaris, iliyo katika kisiwa cha Anglesey kaskazini mwa Wales, ilianza kujengwa mwaka 1295 kwa amri ya Mfalme Edward wa Kwanza wa Uingereza, baada ya uasi wa Madog ap Llywelyn uliozuka mwaka 1294 na kuuteka hata mji wa Caernarfon pamoja na ngome yake iliyokuwa bado inajengwa. Eneo lililochaguliwa lilikuwa tambarare yenye majimaji kando ya bahari. Ngome zake nyingine, Conwy na Harlech, zililazimika kufuata umbo la mwamba uliozibeba, lakini hapa hapakuwa na mwamba wa kumlazimisha fundi, na ndiyo maana Beaumaris ikachorwa kwa ulinganifu ambao hauonekani kwa ukamilifu huo mahali pengine Uingereza nzima: ukuta mfupi wa nje wenye minara midogo, na ndani yake ukuta mrefu na mnene wenye minara sita mikubwa na majengo mawili ya lango, moja kusini na jingine kaskazini, yote yakizungukwa na handaki la maji.

Faida ya kuwa na kuta mbili ni jambo ambalo nimeona walimu wengi wakilieleza kwa maneno bila mwanafunzi kulishika. Kwenye seti hii linashikika kwa uzi tu. Bandika ncha moja ya uzi kwenye tundu la mishale lililo juu ya mnara wa ndani, kisha uuvute hadi ukingo wa mbali wa handaki, na uzi utapita juu ya ukuta wa nje bila kuugusa. Wanafunzi wa kidato cha pili walipofanya hivyo walielewa wenyewe, kabla sijafungua kinywa, kwamba wapiga mishale wa ukuta wa ndani na wale wa ukuta wa nje waliweza kumlenga adui yuleyule kwa wakati mmoja, na kwamba adui aliyefanikiwa kuuvuka ukuta wa nje alijikuta kwenye uchochoro mwembamba akiwa chini ya macho ya watu waliomzidi urefu. Malango nayo yamepangwa kwa usahihi wa kupendeza. Lango la nje halikuelekezwa moja kwa moja kwenye lango la ndani, hivyo mtu akiinama na kuchungulia kwa jicho moja kupitia lango la nje la kadibodi haoni njia ya kuingilia, anaona ukuta. Aliyeshambulia alilazimika kugeuka, na katika kugeuka alionyesha ubavu wake kwa minara. Vilevile lango la kushushwa limetengenezwa kwa kipande kinachoteleza juu na chini kwenye mfereji wake, jambo dogo ambalo mtengenezaji angeweza kulipuuza na hakulipuuza.

Tatizo la kwanza, na kwangu ni kubwa, ni kwamba ngome unayomaliza kuijenga mezani haijawahi kuwapo duniani. Seti inaonyesha minara mirefu iliyokamilika, mapaa yamewekwa na bendera zinapepea. Beaumaris halisi haikufikia kimo hicho. Kazi ilikwenda kwa kasi kubwa mwanzoni, ikapungua, ikafufuliwa, na ilipokoma kabisa, takribani mwaka 1330, minara ya ndani ilikuwa bado mifupi na majengo ya lango hayajakamilika. Kijitabu hakisemi lolote juu ya hilo, ilhali sababu yake ndiyo somo lenye utajiri kuliko yote yaliyomo katika boksi hili.

Ipo barua ya Februari 1296, iliyoandikwa kwa hazina ya mfalme na msimamizi wa ujenzi, James wa Saint George, fundi mkuu aliyetoka Savoy, pamoja na mwenzake Walter wa Winchester. Katika barua hiyo wanaeleza fedha inakokwenda: wanao waashi 400, vibarua wapatao 2,000, wachimba mawe 200, wahunzi 30 na maseremala, na juu ya hao mikokoteni midogo 100, magari makubwa ya kukokotwa 60 na mashua 30 za kuleta mawe na makaa. Wanasema kazi inahitaji pauni 250 kwa wiki. Kisha wanaongeza jambo ambalo mtu yeyote aliyewahi kusimamia ujenzi atalielewa bila kufasiriwa, kwamba mishahara imechelewa sana na kwamba wanapata shida kubwa kuwazuia wafanyakazi wasiondoke, kwa kuwa hawana cha kula. Mwaka huohuo mfalme aliingia vitani Scotland, na fedha ikaelekezwa huko. Huwezi kuitenganisha minara mifupi ya Beaumaris na vita ya Scotland, wala na madeni ya mfalme, ambaye kwa miaka mingi alikuwa amegharimia mambo yake kwa mikopo ya wenye benki wa Lucca, Italia. Mimi nawashauri wanaonunua seti hii wasibandike mapaa. Waiache minara ya ndani bila vipande vya juu, kama ilivyo kweli, na wamuulize mwanafunzi kwa nini mfalme aliyeshinda vita alishindwa kumaliza nyumba ya ushindi wake.

La pili ni bahari. Kwenye kitako cha seti, gati la Beaumaris ni mchoro mdogo wa bluu kando ya lango la kusini, na mtoto anaweza kuijenga ngome yote bila kuligundua. Barua niliyoitaja inajivunia kwamba maji yakijaa, chombo cha tani 40 kikiwa na shehena yake yote kitaweza kufika hadi kwenye lango la ngome. Huo ndio uliokuwa mpango mzima wa Edward. Huko Rhuddlan, alikoanza kujenga mwaka 1277, mto Clwyd ulichimbwa na kunyooshwa kwa kilomita kadhaa ili meli zifike. Harlech iko juu ya genge, lakini ilikuwa na ngazi ndefu zilizolindwa kushuka hadi yalipokuwa maji, na uasi wa 1294 ulipoizingira kwa nchi kavu, iliokolewa na vyakula vilivyoletwa kwa meli kutoka Ireland. Edward mwenyewe alikwama ndani ya Conwy majira ya baridi ya mwaka huo akiwa na akiba haba. Ngome isiyofikika kwa bahari ilikuwa mtego kwa walio ndani yake, na hili kijitabu kingepaswa kulisema katika ukurasa wa kwanza. Nasi wa kanda hii ya kati hatuhitaji kwenda mbali kupata mfano wa kulieleza, kwani Wajerumani walipoweka vituo vyao Mpwapwa na Kilimatinde waliviweka kwenye njia ya misafara, na mwanafunzi aliyefika Kilimatinde ameona mwenyewe jinsi kituo kilivyoliangalia bonde lote.

Sasa nije kwenye chati ya ukutani, ambayo ndiyo iliyonikera kuliko kingine chochote. Inaanza vizuri. Inaonyesha Chepstow, iliyoanza kujengwa mwaka 1067, mwaka mmoja tu baada ya Wanormani, watu wa kaskazini mwa Ufaransa, kuivamia Uingereza, kwenye jabali juu ya mto Wye; inaonyesha vilima vya udongo vyenye mnara wa miti juu yake, ambavyo mabwana wa Kinormani wa mpakani mwa Wales walivijenga kwa wingi kwa kuwa vilikuwa vya haraka na vya gharama nafuu; inaonyesha mnara mkuu wa mviringo wa Pembroke uliojengwa na William Marshal; na inaipa Caerphilly nafasi inayostahili, ngome ambayo Gilbert de Clare alianza kuijenga mwaka 1268 na kuizungushia maziwa yaliyotengenezwa kwa kuzuia maji kwa kuta za mabwawa, miaka mingi kabla ya Edward kufika na kuta zake mbilimbili. Baada ya hapo inaruka hadi Flint, Rhuddlan, Conwy, Harlech, Caernarfon na Beaumaris, na inaishia hapo.

Katika chati yote hiyo hakuna hata ngome moja iliyojengwa na Wawelisi wenyewe. Anayeitazama ataamini kwamba Wales ilikuwa nchi ya watu waliojengewa ngome na wageni, wao wakikaa kimya kuzitazama. Hilo si kweli. Rhys ap Gruffydd, mtawala wa Kiwelisi wa kusini, aliijenga upya Cardigan kwa mawe katika karne ya 12, na mwaka 1176 akafanyia humo mashindano makubwa ya washairi na wanamuziki. Llywelyn ap Iorwerth, aliyefariki mwaka 1240, aliacha mfululizo wa ngome katika milima ya Gwynedd, nchi aliyoitawala kaskazini-magharibi mwa Wales: Dolwyddelan, Criccieth, mnara wa mviringo wa Dolbadarn, na Castell y Bere iliyoanza mwaka 1221 juu ya mwamba mrefu ndani kabisa ya bonde. Ngome hizi hazikuwa na gati wala mji wa wafanyabiashara chini yake. Zililinda mapito ya milimani na malisho ya ng'ombe, kwa sababu mali ya watawala hao ilikuwa kwenye mifugo na ardhi, na mtu wa Ugogo hahitaji kuelezwa mara mbili jinsi ng'ombe anavyoweza kuwa hazina ya kulindwa.

Mjukuu wa Llywelyn ap Iorwerth, Llywelyn ap Gruffudd, ambaye mfalme wa Uingereza alimtambua kuwa Mwanamfalme wa Wales kwa mkataba wa Montgomery wa mwaka 1267, alianza kujenga Dolforwyn mwaka 1273, karibu na mpaka. Maofisa waliotawala kwa niaba ya Edward, aliyekuwa bado ng'ambo, walimwandikia kumkataza. Alijibu kwa adabu iliyojaa ukali, akisema ana hakika barua ile imetoka bila mfalme kujua, kwa kuwa mfalme anafahamu kwamba yeye ana haki ya kujenga ngome katika ardhi yake bila ruhusa ya mtu. Nililisoma jibu hilo darasani na mjadala ukaendelea hadi kengele ikalia. Dolforwyn ilizingirwa mwaka 1277 na ikajisalimisha upesi, kwa sababu ndani yake hapakuwa na kisima. Wanafunzi wa Dodoma, wanaojua thamani ya kisima kuliko wanavyojua habari yoyote ya wafalme, walilipokea jambo hilo kwa uzito mkubwa, na mmoja akauliza kama seti yetu ina kisima. Hakimo.

Llywelyn aliuawa tarehe 11 Desemba 1282 karibu na Builth. Castell y Bere iliangukia mikononi mwa jeshi la Edward Aprili 1283, na Dafydd, ndugu yake Llywelyn, alinyongwa Shrewsbury mwezi Oktoba mwaka huohuo. Mbao za Dolbadarn zilibebwa kwenda kujengea Caernarfon. Katika kijitabu, miaka yote hii imepewa sentensi moja, inayosema kwamba mfalme alileta amani Wales.

Amani hiyo ilikuwa na wenyewe walioilipia. Watawa wa Aberconwy waliondolewa na kuhamishiwa Maenan ili Conwy ijengwe mahali pao, ngome yenye minara minane pamoja na ukuta wa mji wenye minara 21. Karibu na Beaumaris palikuwa na mji wa Llanfaes, uliokuwa na bandari yake na biashara yake hai. Wakazi wake walihamishiwa Newborough, upande mwingine wa kisiwa, na mji mpya chini ya ngome ukapewa walowezi kutoka Uingereza. Miji hii ya ngome ilikuwa na masoko yake na haki zake zilizoandikwa kwa hati ya mfalme, na Mwelisi alizuiwa kuwa na sehemu katika haki hizo. Katika jiji hili, ambalo tangu uamuzi wa mwaka 1973 wa kuhamishia makao makuu hapa limeshuhudia mashamba mengi yakigeuka viwanja, mtoto akisikia habari ya Llanfaes anauliza mara moja watu walipewa nini huko walikopelekwa. Ni swali la kihistoria lililo sahihi kabisa, na zana inayodai kufundisha historia haina budi kulifungulia mlango.

Kuna kasoro nyingine ndogo ambayo ni rahisi kuirekebisha. Boksi lina askari wengi wa karatasi, wanaotosha kujaza kuta zote mbili, na watoto huwapanga wote. Kikosi cha kudumu kilichopangiwa Conwy kwa amri ya mfalme kilikuwa cha watu 30 wa kupigana, ambao 15 kati yao walikuwa wapiga pinde za mtambo, na miongoni mwa waliobaki walihesabiwa kasisi, mhunzi, seremala na mwashi. Uwezo wa watu wachache namna hiyo kulishikilia eneo kubwa ndio ulioifanya ngome istahili gharama yake, na ndiyo pia sababu ilianguka walinzi wachache wakizembea. Ijumaa Kuu ya mwaka 1401, wakati wa uasi wa Wawelisi ulioongozwa na Owain Glyndŵr, ndugu wawili wa ukoo wa Tudur waliiteka Conwy kwa hila wakati walinzi wengi wakiwa kanisani. Mpe mwanafunzi askari 30 tu na umwambie alinde kuta zote mbili, na atajifunza zaidi ya atakayojifunza kwa kupanga jeshi zima.

Kuhusu mwisho wa ngome hizi kijitabu kiko sawa, ingawa kinapita upesi: Beaumaris yenyewe ilichukuliwa na watu wa Glyndŵr mwaka 1403 na kurejeshwa mwaka 1405, Harlech ikawa ya mwisho kusalimu amri kwa upande wa mfalme katika vita vya wenyewe kwa wenyewe mwaka 1647, na mwaka 1986 UNESCO ikaziweka Beaumaris, Harlech, Conwy na Caernarfon, pamoja na kuta za miji ya hizo mbili za mwisho, katika orodha ya urithi wa dunia.

Kwa hiyo inunueni, walimu wenzangu, lakini inunueni kwa matumizi ya darasani zaidi ya kuipamba ofisi. Seti moja inatosha kundi la wanafunzi sita au saba; wakizidi hapo, wengine watakuwa watazamaji tu. Boksi lifunguliwe dukani mbele ya muuzaji na karatasi zihesabiwe, kwa kuwa boksi la kwanza nililouziwa lilikosa karatasi ya lango la kaskazini, na muuzaji alilibadilisha bila ubishi kwa sababu nilikuwa nimesimama palepale. Kitako kibandikwe juu ya karatasi ya manila iliyopakwa rangi ya bahari upande wa kusini, na gati lichorwe upya kwa ukubwa unaoonekana. Chati itundikwe, na kati ya Pembroke na Caerphilly wanafunzi wabandike kwa mkono wao Dolwyddelan, Dolbadarn, Criccieth na Castell y Bere, kisha Dolforwyn mara baada ya Caerphilly. Nafasi kati ya michoro inatosha. Nimeipima kwa rula, na karatasi ndogo za kujinatisha zinaingia vizuri bila kufunika miaka iliyochapwa.